UZI: Shinya Tsukamoto, nusu karne ya kutengeneza filamu bila kumsubiri mwenye hela

Mwana wa Mkanda

Wakuu, habari za jioni.

Tukitaja sinema ya Japani wengi wetu tunaishia kwa Akira Kurosawa na samurai wake, katuni za Ghibli na Godzilla. Leo naomba tukae na mtu mwingine kabisa, Shinya Tsukamoto. Huyu anaandika, anaongoza, anashika kamera, anahariri na anaigiza katika filamu zake mwenyewe, na nyingi zimetoka chini ya kampuni yake ndogo iitwayo Kaijyu Theater. Hoja yangu ni moja na niko tayari kuitetea: kazi yake yote inauliza swali lilelile, chuma kinaufanya nini mwili wa binadamu? Kwanza chuma cha jiji, kisha cha bastola, mwisho cha vita. Hakuna studio ambayo ingemlipa mtu miaka yote hii akichimba shimo hilohilo, kwa hiyo ilibidi achimbe kwa jembe lake.

Alizaliwa Tokyo, tarehe 1 Januari 1960. Miaka minne baadaye jiji lilipokea Olimpiki, na ujenzi wake uliligeuza Tokyo kuwa jiji la barabara za juu, reli na zege. Ndimo alimokulia. Akiwa na miaka 14 akaanza kupiga filamu kwa kamera ya milimita 8 iliyokuwa nyumbani kwao. Kwa wasioijua zana hiyo: kaseti moja ilikuwa na utepe wa futi 50, unapata dakika tatu na ushee, halafu unaupeleka kuoshwa ndipo ujue ulichopata. Hakuna kufuta na kurudia. Kijana anayejifunzia kwenye kamera ya namna hiyo anazoea kuamua kabla hajabonyeza.

Akasomea sanaa Chuo Kikuu cha Nihon, akaajiriwa kwenye kampuni ya matangazo ya televisheni. Mshahara ulikuwepo. Baada ya miaka michache akauacha, akakusanya vijana wenzake wakaunda kundi la maigizo ya jukwaani, na jina la Kaijyu Theater likaanzia hapo. Mchezo wao mmoja ulimhusu mvulana aliyeota nguzo ya umeme mgongoni. Maonyesho yalipokwisha hakutaka mandhari waliyoijenga kwa mikono yao ivunjwe tu, akaugeuza mchezo kuwa filamu ya milimita 8, Denchu Kozo no Boken (1987). Mwaka 1988 ikachukua tuzo kuu ya Pia Film Festival, tamasha lililoanza 1977 kwa ajili ya watu wanaojitengenezea filamu bila studio. Wajapani wana jina la kazi hizo, jishu eiga, na hata Kiyoshi Kurosawa (hana undugu na Akira) alipitia mlango huo.

Nitaendelea na Tetsuo, filamu yake iliyofuata. Wenye neno wasisite.

Kibo Kaskazini

Nimeweka kambi. Ila kabla hujaenda mbali mkuu, tusimfanye ameota kama uyoga. Japani ilikuwa na njia hiyo zamani. Kampuni ya Art Theatre Guild (ATG) ilianzishwa 1961, ikaanza kwa kusambaza filamu za nje, baadaye ikawa inachangia nusu ya gharama na mwongozaji anatafuta nusu yake. Hapo ndipo waongozaji kama akina Shuji Terayama na Toshio Matsumoto walipopumulia. Filamu ya Matsumoto, Bara no Soretsu, ni ya 1969, na ukiitazama leo bado inakushtua kwa jinsi inavyokatwakatwa. Halafu kuna Sogo Ishii, aliyeingiza punk kwenye kamera mwishoni mwa miaka ya sabini. Mwendo kasi wa Tsukamoto una deni pale.

Mwana wa Mkanda

Kibo, asante sana, hiyo nyongeza ilihitajika. Nami naongeza tofauti moja. Matsumoto na Terayama walikuwa na ATG nyuma yao, na kulikuwa na wasomi, majarida na watazamaji wa vyuo vikuu waliokuwa moto na siasa za wakati ule. Tsukamoto anaingia mwishoni mwa miaka ya themanini, Japani imejaa fedha, studio kubwa zimechoka, na moto wa maandamano ya wanafunzi ya 1968 umeshazimika. Hakuwa na kundi la kumbeba. Alikuwa na kamera na chumba cha kupanga.

Chumba chenyewe kilikuwa cha Kei Fujiwara, mwigizaji wa kundi lao, na sehemu kubwa ya Tetsuo ilipigwa humo. Filamu ilitoka 1989, dakika 67, nyeusi na nyeupe, utepe wa milimita 16. Mfanyakazi wa ofisini, akiigizwa na Tomorowo Taguchi, anajinyoa asubuhi na kuona ncha ya chuma imechomoza shavuni. Tangu hapo chuma kinamla taratibu: nyaya, mabomba, vipande vya mashine, hadi haonekani tena kuwa mtu. Nyuma ya haya yuko mtu mwenye uchu wa chuma, ambaye mwanzoni mwa filamu tunamwona akipasua paja lake na kuchomeka chuma ndani. Huyo ni Tsukamoto mwenyewe.

Chuma mnachokiona mwilini mwa Taguchi ni takataka halisi, matumbo ya televisheni na vifaa vya umeme vilivyotupwa, vikabandikwa kipande kwa kipande juu ya ngozi. Fikirieni saa anazokaa mwigizaji akibandikwa, kisha anaombwa akimbie. Kazi ilichukua zaidi ya mwaka, watu wakachoka, wakaondoka mmoja mmoja, na kuelekea mwisho alibaki na wachache mno. Fujiwara aliigiza kama mpenzi wa yule bwana, na pia alishika kamera. Jina lake liko kwenye orodha ya wapiga picha pamoja na la Tsukamoto. Watu wanamsahau, na mimi sipendi asahaulike.

Mwaka huohuo Tetsuo ikashinda tamasha la filamu za kutisha la Fantafestival jijini Roma. Ikawa filamu ya chumba cha kupanga inayozunguka dunia.

Picha Mnato

Mkuu, mimi kazi yangu ni kupiga video za harusi na vipaimara, kwa hiyo swali langu ni la ufundi. Kuna mahali mtu anateleza barabarani kama ana magurudumu miguuni, nyumba zinapita kwa kasi. Walifanyaje bila kompyuta? Na anayeongoza akiwa mbele ya kamera, nani anashika kamera?

Mwana wa Mkanda

Picha Mnato, hilo ndilo swali ninalolipenda zaidi kwenye uzi huu.

Ni picha mojamoja, kama wanavyofanya wa katuni za vikaragosi, ila hapa kikaragosi ni mtu mzima. Mwigizaji anasimama, unapiga picha moja au mbili, anasogea hatua, anasimama tena kwa mkao uleule, unapiga tena. Utepe unaonyeshwa kwa picha 24 kila sekunde. Ukipiga picha mbili kila hatua, sekunde moja inakula hatua 12, na kamera nayo lazima isogezwe pamoja naye mtaa mzima. Sekunde kumi za mtelezo ni hatua 120 katikati ya barabara. Hakuna mtambo wa ajabu, kuna magoti yanayouma. Ukitaka, hata simu yako inaweza kufanya hivyo kesho asubuhi.

Kuhusu kamera: alipokuwa mbele yake, ilishikwa na Fujiwara, na asipokuwa mbele aliishika yeye. Tabia hiyo hakuiacha hata alipopata uwezo wa kuajiri. Anapenda kamera iwe mkononi, karibu na uso wa mtu, itikisike pamoja naye. Ukitazama filamu zake mfululizo unaanza kuitambua mikono yake.

Sauti ya Nyikani

Mimi niseme ukweli wangu. Nilianza Tetsuo, baada ya kama dakika ishirini nikazima. Kelele, damu, watu wanapiga mayowe, hadithi siioni. Ingetengenezwa na kijana wa hapa kwetu tungesema amechanganyikiwa. Au tunaisifu kwa kuwa wazungu wa Roma wameipa tuzo?

Mwana wa Mkanda

Ndugu yangu, kuizima ni haki yako na wala sikulaumu, ile filamu inachosha mwili kwa makusudi. Lakini hadithi ipo, tena ni nyepesi: mtu amemgonga mwenzake kwa gari, akaenda kumtupa, na aliyegongwa anarudi kumdai. Kilichokosekana ni maelezo. Tsukamoto hakuelezi kwa maneno kwamba mfanyakazi anaogopa na anatamani kwa wakati mmoja kuliwa na jiji, anakupitisha humo kwa sauti na ukataji. Jaribu tena kwa kusikiliza muziki wa Chu Ishikawa kwanza, ule mgongano wa vyuma. Muziki ndio unaobeba sentensi.

Na kuhusu kijana wa hapa kwetu: mimi nisingesema amechanganyikiwa. Ningeomba nimwone.

Bi Mwanamkasi

Nami nina la kusema, na ni zito kidogo. Mwili mnaouzungumzia mara nyingi ni wa mwanamke. Kwenye Tetsuo yule mpenzi anakufa vibaya sana. Kwenye Rokugatsu no Hebi (2002) mwanamke anapigwa picha kwa siri, kisha anatishwa kwa simu na mpiga picha ambaye ni Tsukamoto huyohuyo. Nilikaa nayo siku kadhaa nikiwa na hasira. Ila lazima niwe mkweli kwa upande wa pili: kadiri miaka ilivyokwenda wanawake wake wanaacha kuwa wahanga tu. Katika Tokyo Fist (1995) wanaume wawili wanagombana kwa ngumi, na mwanamke anayegombewa anaanza kuutoboa na kuuchora mwili wake kwa hiari yake, anawapita wote wawili. Na Rokugatsu no Hebi yenyewe, ile rangi ya buluu na mvua isiyokatika, mwisho wake ni wa mwanamke. Sijui kama inafuta ule mwanzo. Mimi kwangu haifuti, lakini sikubali kuitupa.

Mwana wa Mkanda

Bi Mwanamkasi, sina la kupunguza hapo. Naomba tu nikuongezee Kotoko (2011), ambayo nadhani ndiyo jibu lake refu kwa jambo unalolisema. Mhusika mkuu ni mama mwenye mtoto mchanga, anaona watu wakiwa wawili wawili, mmoja wa kweli na mmoja wa kumdhuru, na hajui yupi ni yupi. Anaigizwa na Cocco, mwimbaji wa Okinawa, aliyechangia pia hadithi na muziki. Tsukamoto hapo anajiweka kuwa mwanaume anayepigwa na kujeruhiwa kwa sababu anataka kukaa naye. Ilipata tuzo ya filamu bora ya kitengo cha Orizzonti, kwenye tamasha la filamu la Venice. Wenye watoto wadogo majumbani, au waliopitia maradhi ya akili, waitazame wakiwa tayari.

Sasa nipite haraka katikati. Baada ya Tetsuo alipewa kazi ya studio, Hiruko (1991), nzuri kwa kiasi chake, haina alama zake nyingi. Tetsuo II ya 1992 ina rangi na hela zaidi. Tokyo Fist ameshaieleza Bi Mwanamkasi, mimi naongeza tu kwamba mmoja wa wale wanaume wawili ni bondia, na anaigizwa na mdogo wake Tsukamoto wa damu, Koji. Bullet Ballet (1998) inamhusu mwanaume ambaye mchumba wake amejiua kwa bastola, naye anashindwa kuelewa aliipataje katika nchi ambayo bastola haipatikani, akaanza kuitafuta ya kwake. Soseiji (1999) ni kazi ya kupewa, ya zama za Meiji (1868 hadi 1912), imepambwa vizuri. Vital (2004) ina Tadanobu Asano kama mwanafunzi wa udaktari anayepasua maiti na kugundua ni ya mpenzi wake. Hapo chuma kimekuwa kisu cha darasani, na ni filamu yake ya upole kuliko zote, amini usiamini. Ile Tetsuo ya tatu, ya 2009, iliyozungumza Kiingereza, kwangu ndiyo dhaifu. Alikuwa anajibu matarajio ya wageni.

Msomi wa Ujiji

Umesema swali la chuma linaishia kwenye vita. Fafanua, maana mimi namjua kwa Nobi tu, sikujua hata habari za Tetsuo.

Mwana wa Mkanda

Basi wewe umeanzia ghorofani, hongera.

Nobi, ambayo kimataifa inaitwa Fires on the Plain, ni riwaya ya Shohei Ooka ya mwanzoni mwa miaka ya hamsini. Ooka alikuwa askari wa Kijapani Ufilipino, akatekwa na Wamarekani Januari 1945 huko Mindoro. Riwaya inatokea kisiwa cha Leyte: Tamura, askari mwenye kifua kikuu, anafukuzwa na kikosi kwa kuwa hana kazi, anafukuzwa na hospitali kwa kuwa hana chakula, anabaki kutangatanga msituni miongoni mwa wenzake wanaokufa njaa. Wengine wanakula wanachokiita nyama ya nyani. Msomaji anajua ni nyama gani.

Kon Ichikawa aliifanya filamu mwaka 1959, nyeusi na nyeupe. Tsukamoto aliisoma riwaya akiwa kijana na akaibeba kichwani miaka mingi. Alitafuta fedha, hakupata. Karibu miaka kumi kabla ya kupiga, alikwenda kuwasikiliza wazee waliopigana Ufilipino, kwa sababu aliona wanaisha. Wafadhili nao wakazidi kurudi nyuma, kadiri miaka ilivyokwenda ndivyo filamu ya kuonyesha vita kuwa uozo mtupu ilivyokosa mtu wa kuigusa.

Akafanya kama alivyofanya 1989. Akaweka fedha zake, akatangaza Twitter kwamba anahitaji wa kujitolea, wakaja watu ambao wengi hawakuwahi kufanya filamu. Tamura akamwigiza mwenyewe, akiwa amekonda mifupa. Sehemu ilipigwa Okinawa na sehemu Ufilipino. Ikaingia mashindano makuu ya Venice 2014, na ilipofika Julai 2015, miaka sabini tangu vita viishe, akaisambaza mwenyewe na kuizungukia kwenye majumba madogo ya sinema Japani, akizungumza na watazamaji. Na hakuishia hapo, Agosti ikifika majumba hayo huirudisha.

Msomi wa Ujiji

Nilichokiona ni kwamba msitu ni mzuri mno. Kijani, maua, anga la buluu. Halafu katikati ya uzuri huo mwili unafumuka kwa risasi. Ya Ichikawa nimeitazama baada ya maneno yako, kule huruma iko kwa askari, na Tamura meno yake mabovu yanamnusuru asile ile nyama. Hii ya Tsukamoto haimpi Tamura wala mtazamaji njia ya kutokea.

Bi Mwanamkasi

Na kuna yule mwanamke wa Kifilipino anayepigwa risasi na Tamura kwa sababu alipiga kelele. Kwangu ndipo filamu inapokuwa na haki. Njaa ya askari wa Kijapani ni ya kweli, lakini waliingia kwenye nchi ya watu. Wenyeji walilipa zaidi. Nilifurahi kwamba kamera haikugeuka pembeni.

Mwana wa Mkanda

Ndiyo. Na hapo ndipo naona filamu ya 1989 na ya 2014 zikikutana. Kwenye Tetsuo chuma kinaota ndani ya mtu na kuna ulevi fulani wa furaha, kijana anacheza na maangamizi. Kwenye Nobi chuma kinatoka nje, kinaingia, na hakuna raha yoyote iliyobaki. Katikati hapo amekuwa baba wa mtoto na amewasikiliza wale wazee.

Baada ya hapo akafanya Zan (2018), kijana samurai mwenye ujuzi wote wa upanga asiyeweza kuua, inayoanza na upanga ukifuliwa motoni. Chu Ishikawa alikuwa amefariki Desemba 2017, na Tsukamoto hakutafuta mwingine wa kujaza nafasi yake, alihariri kwa kutumia muziki ambao rafiki yake aliuacha. Kisha Hokage (2023), mara tu baada ya vita, mwanamke akiishi kwenye kilabu cha pombe kilichounguzwa nusu, na mtoto yatima anayetembea na bastola aliyoiokota. Askari aliyerudi anamchukua mtoto safarini kwa sababu anaihitaji ile bastola kwa deni analomdai mkubwa wake wa zamani. Tazameni mkono wa mtoto na uzito wa kile kitu.

Picha Mnato

Swali la mwisho kwangu. Anakula nini? Maana filamu kama hizi haziuzi.

Mwana wa Mkanda

Hesabu zake sizijui, kwa hiyo nataja yaliyo wazi. Anaigiza kwenye filamu za wengine, na si mwigizaji wa kujazia: yumo Ichi the Killer ya Takashi Miike (2001), yumo Shin Godzilla (2016), na kwenye Silence ya Martin Scorsese (2016) ndiye Mokichi, mkulima Mkristo anayefungwa msalabani baharini mawimbi yakimpiga hadi anakufa. Amefanya pia filamu za kibiashara kidogo, kama Akumu Tantei ya 2006 iliyopata mwendelezo wake 2008. Na filamu zake ni fupi. Tetsuo dakika 67, Nobi 87, Zan 80. Ufupi huo ni mtindo, lakini pia ni siku chache za kulisha watu na kukodi taa.

Kwa wewe unayeshika kamera kila Jumamosi, ningesema anza na Tokyo Fist, uone anavyopiga ngumi kwa ukataji tu, halafu Nobi. Tetsuo iache ya tatu, usiku, sauti juu, majirani wakiwa wamesafiri. Bi Mwanamkasi akikubali, nitafungua uzi wa pili wa Kotoko peke yake, maana kuna mambo ya Cocco na Okinawa yanayohitaji nafasi.

Bi Mwanamkasi

Fungua. Nitakuja na maswali yangu yameandikwa.